Ukiambiwa Umepona: Somo kwa Vikundi juu ya Nguvu ya Neno



Katika somo hili tunazungumza juu ya jambo ambalo kila mmoja wetu amelionja, lakini ni wachache wanaoweza kulieleza. Ni nguvu ya neno la mtu mmoja juu ya mwili na akili ya mtu mwingine. Mjini watu husema, "Nilipumbazwa, nikatoa pesa zangu kwa mikono yangu." Madaktari wana jina la usingizi unaoletwa na maneno: hipnosi. Na wengine husema tu, "Niliambiwa nimepona, nikasikia nimepona."

Tumeliandika kwa ajili ya vikundi vya Rombo, na pia ndugu zetu wa Kajiado na Kitengela. Sababu ni kwamba pesa za vikundi, na hata maisha ya wanakikundi, yamepotea kupitia mlango huu. Somo linatosha mkutano mmoja. Mwenye kuongoza alete uzi na ufunguo.

1. TUANZE NA MAJARIBIO MAWILI

Jaribio la kwanza. Kila mtu afumbe macho. Kiongozi aseme polepole: "Una ndimu mkononi. Ni ya kijani, ni baridi. Unachukua kisu, unaikata katikati. Maji yanachuruzika kwenye vidole. Unaileta mdomoni. Unaibana na ulimi unaonja." Sasa fumbueni macho. Ni nani ambaye mate hayakujaa mdomoni? Hakuna ndimu hapa. Kuna maneno tu. Lakini mate ni mate ya kweli.

Jaribio la pili. Funga ufunguo kwenye uzi wa urefu wa mkono. Ushike uzi kwa vidole viwili, ufunguo uning'inie. Usiutikise. Utazame tu na kuwaza kwamba unakwenda mbele na nyuma, mbele na nyuma. Baada ya muda kidogo, kwa watu wengi ufunguo utaanza kwenda hivyo. Sasa waza kwamba unazunguka. Utazunguka. Hakuna pepo ndani ya ufunguo. Vidole vinafuata wazo, kidogo sana, hata mwenyewe huoni. Mfaransa mmoja, Michel Chevreul, alilieleza jambo hili mwaka 1833.

Tuseme ukweli: ndivyo inavyoinama pia fimbo ya yule anayetafuta maji ardhini. Si lazima awe mwongo. Mkono wake unafuata wazo lake naye hajui. Kwa hiyo kikundi kinachotaka kuchimba kisima kisiiamini fimbo. Kimwite mtaalamu wa maji ya ardhini mwenye vyombo, na ripoti yake ndiyo inayohitajika na Mamlaka ya Rasilimali za Maji kabla ya kibali kutolewa.

Kutoka majaribio haya tunajifunza jambo la kwanza: neno lina nguvu ya kweli juu ya mwili. Anayesikia nafuu baada ya kuombewa au kupewa kikombe hadanganyi. Amesikia nafuu kweli. Swali letu ni lingine: nafuu hiyo imefika wapi?

2. VIKOMBE VYA PARIS, MWAKA 1784

Zamani katika mji wa Paris, Ufaransa, alikuwako daktari aliyeitwa Franz Anton Mesmer. Alisema anayo nguvu ya sumaku ambayo inatoka kwake na kuingia katika maji, miti na watu. Wagonjwa waliokwenda kwake walitetemeka, wakalia, wakaanguka, na wengi walisema wamepona. Mfalme Louis wa 16 akaunda tume ichunguze. Ndani yake walikuwamo Benjamin Franklin wa Marekani na Lavoisier, mwanasayansi mkubwa wa Ufaransa.

Tume hiyo haikubishana na mtu. Ilifanya jaribio tu. Mwanamke mmoja aliyesifika kwa kuisikia sana ile nguvu aliletwa nyumbani kwa Lavoisier. Akapewa vikombe vya maji, kimoja baada ya kingine. Yalikuwa maji ya kawaida, lakini yeye alidhani yametiwa nguvu. Kikombe cha nne kikamwangusha. Alipotulia akaomba maji ya kunywa. Hapo wakampa kile kikombe chenyewe kilichotiwa "nguvu", bila kumwambia. Akakinywa kwa amani kabisa, akasema amejisikia vizuri.

Basi nguvu haikuwa katika maji. Ilikuwa katika kuambiwa. Miaka kama 60 baadaye daktari wa Uskoti, James Braid, alilichukua jambo hili akalitoa kwenye uchawi, akaliita hipnosi. Leo madaktari wengine hulitumia kupunguza maumivu na wasiwasi. Kanisa nalo halikulikataa: mwaka 1957 Papa Pius wa 12 aliwaambia madaktari kwamba linaweza kutumika katika tiba, mradi litumiwe na mwenye ujuzi na kwa masharti ya haki. Linalokatazwa ni kuinyang'anya akili ya mtu uhuru wake kwa kumtafutia faida mwingine.

3. KIKOMBE CHA LOLIONDO, MWAKA 2011

Sasa tuje karibu na nyumbani. Wengi wetu tunakumbuka mwaka 2011, watu walipovuka mpaka kwenda Tanzania, kijiji cha Samunge, Loliondo. Huko alikaa Mchungaji mstaafu wa Kanisa la Kilutheri, Ambilikile Mwasapile, aliyeitwa Babu. Alisema Mungu amemwonyesha dawa ya UKIMWI, kansa, kisukari, pumu na magonjwa mengine. Kikombe kimoja kilikuwa shilingi 500 za Tanzania, pesa kidogo tu. Alisema dawa haifanyi kazi isipokuwa ukipewa na mkono wake.

Magari yalipanga foleni kilomita nyingi. Watu walilala porini siku kadhaa. Wagonjwa mahututi waliotolewa vitanda vya hospitali walifia njiani. Walikwenda maskini, na walikwenda mawaziri. Mwezi Machi mwaka huo Babu mwenyewe alilazimika kuomba watu wasije kwa muda, maana msongamano ulizidi. Alifariki mwaka 2021.

Dawa ile ilichemshwa kwa mizizi ya mti ulioitwa mugariga. Sisi tunaujua. Wamaasai wanauita olamuriaki, na wazee wetu wameichemsha mizizi yake katika supu tangu zamani. Hatuudharau mti huo. Lakini tujiulize: kama olamuriaki ingeondoa virusi vya UKIMWI, je, UKIMWI ungepata nafasi katika maboma yetu?

Hatusemi Babu alikuwa mwongo. Pengine aliamini kila neno alilosema. Mwenye kushika uzi pia haamini kwamba mkono wake ndio unaoutikisa.

4. YULE MAMA NA KARATASI YA KIPIMO

Wakati huo tulikuwa bado wageni katika kazi hii. Katika kikundi kimoja cha akina mama, zamu ya merry-go-round ilimfikia mama mmoja mwenye virusi. Alikuwa amepanga kununua mbuzi wawili. Pesa zile zikawa nauli ya Loliondo. Kikundi kilimwongezea mkopo, na sisi tulikuwapo kwenye mkutano, tukanyamaza. Tuliogopa kuonekana tunapinga imani. Tunaliandika hilo hapa kwa sababu ni kosa letu, na hatutaki mwingine alirudie.

Alirudi akicheza. Magoti hayakumuuma tena, usingizi ulikuja, chakula kilikuwa kitamu. Chupa za ARV akazitupa chooni. Baada ya miezi minne nguo zilikuwa zinamning'inia, na usiku alikohoa mpaka watoto wakaamka. Mweka hazina wa kikundi, kijana kuliko yeye, akamwendea.

"Yeyo, twende dispensari."

"Mimi nilishapona. Nikienda huko nitakuwa nimekosa imani."

"Sikuambii hujapona. Nakuambia twende ukapimwe. Kama umepona, karatasi itasema, na kikundi chote tutacheza pamoja nawe."

Mama akafikiri sana, akasimama, akachukua shuka yake. Karatasi ilisema virusi vimezidi na kifua kikuu kimeingia. Akarudi kwenye dawa. Leo anachunga wajukuu. Lakini mwanamume wa boma la jirani, aliyesafiri naye katika gari lile lile, hakupata wa kumwambia "twende ukapimwe". Tulimzika kabla ya Krismasi.

5. NENO LINAFIKA WAPI, NA LINAKOMEA WAPI

Mwaka ule ule wa 2011, madaktari wa Boston, Marekani, walitangaza matokeo ya utafiti mdogo juu ya wagonjwa wa pumu. Wagonjwa walipewa kwa zamu vitu vinne: inhela yenye dawa; inhela isiyo na dawa; sindano za Kichina za kuigiza; na siku nyingine hawakupewa chochote. Kisha waliulizwa, "Unajisikiaje?" Halafu wakapuliza kwenye mtambo unaopima pumzi.

Walipoulizwa wanajisikiaje, wenye dawa walisema nafuu ni kama asilimia 50. Wenye inhela tupu walisema 45. Wenye sindano za kuigiza walisema 46. Tofauti ni ndogo sana. Waliokosa vyote walisema 21. Lakini mtambo ulisema maneno mengine. Kwa wenye dawa, pumzi iliongezeka asilimia 20. Kwa wale wengine wote watatu, ilikuwa karibu asilimia 7 tu.

Mmeona? Ukimwuliza mgonjwa, inhela tupu imemsaidia karibu sawa na dawa. Ukiuliza kifua chake, bado kimebanwa. Na aliyebanwa kifua huku anajisikia vizuri yuko katika hatari kubwa kuliko anayejisikia vibaya, kwa maana hatakwenda hospitali.

Basi shikeni mgawanyo huu:

Neno la matumaini husaidia maumivu, kichefuchefu, kukosa usingizi, wasiwasi na uchovu. Mwili wenyewe una dawa zake za kutuliza maumivu, na matumaini huzifungua. Kwa hiyo kumtembelea mgonjwa, kumshika mkono na kumwombea si kazi bure.

Neno haliui virusi vya UKIMWI, wala vidudu vya kifua kikuu au malaria, wala haliyeyushi kansa. ARV huzuia virusi visizaliane, lakini vingine hubaki vimejificha. Ukiziacha, kwa kawaida vinarudi baada ya wiki chache. Dawa ya kifua kikuu kwa kawaida humezwa miezi sita, ingawa nafuu huja mapema. Na presha mara nyingi haiumi hata kidogo mpaka siku inapokuangusha.

Kwa kifupi: kujisikia si kipimo.

6. NENO LIKIUMIZA

Kama neno linaweza kutuliza, linaweza pia kuumiza. Tarehe 30 Januari 1962, katika shule ya wasichana ya Kashasha karibu na Bukoba, Tanganyika, wasichana watatu walianza kucheka na hawakuweza kuacha. Wengine wakafuata: kucheka, kulia, kukimbia huku na huku. Kati ya wanafunzi 159, walipatwa 95. Shule ikafungwa tarehe 18 Machi, na wasichana waliporudi kwao, jambo lile likaenda pamoja nao vijijini. Madaktari walitafuta sumu na vidudu, hawakuona. Hakuna aliyekufa. Ilikuwa hofu na uchungu wa mioyo vikipita kutoka mtu hadi mtu, na mwili wa kila mmoja ukiiga wa mwenzake.

Hata hapa Kenya tumesikia wasichana wa shule wakianguka kwa makundi. Likitokea kwenu, kwanza daktari awapime, maana pengine ni ugonjwa kweli. Msipige kelele za mapepo, msiwakusanye watu kutazama. Watulizeni mmoja mmoja mahali pa kimya. Kisha waulizeni kwa upole ni jambo gani linalowasumbua shuleni. Mara nyingi lipo.

Na neno baya kuliko yote ni lile linalovaa nguo ya Mungu. Mwaka 2023, katika msitu wa Shakahola, Kaunti ya Kilifi, ilifukuliwa miili zaidi ya 400 ya watu, watoto wakiwamo. Walikuwa wameambiwa wafunge kula mpaka wafe ili wakutane na Yesu. Hawakuwa wajinga kuliko sisi. Walikuwa wametengwa, wakasikia sauti moja tu, kila siku, mpaka sauti nyingine zote zikanyamaza.

7. VIDEO KATIKA SIMU

Zamani habari za uponyaji zilikuja kwa mdomo. Leo zinakuja kwa video. Tazameni jinsi zinavyotengenezwa: muziki wa polepole, sauti moja inayorudia maneno yale yale, uso wa mtu anayelia machozi, kisha mtu anatupa magongo yake. Ukiitazama gizani peke yako usiku, akili inatulia na kukubali, sawa na aliyefumba macho tulipotaja ndimu.

Jiulizeni: kamera iliwaonyesha wangapi waliorudi nyumbani na magongo yao? Yule aliyeyatupa, alikuwa anatembeaje baada ya mwezi? Mwenye kupiga picha huchagua. Hilo si dhambi, hata sisi huchagua picha nzuri. Dhambi ni kuomba pesa juu ya picha uliyochagua.

8. IMANI YETU INASEMAJE?

Wengine watasema, "Kupima ni kumjaribu Mungu." Tusome Injili ya Marko 1:40-44. Yesu alimponya mwenye ukoma. Je, alimwambia nini baadaye? Alimtuma aende akajionyeshe kwa kuhani. Nyakati zile kuhani ndiye aliyekagua ngozi na kuthibitisha. Bwana mwenyewe hakuogopa kazi yake ipimwe! Uponyaji wa Mungu hauogopi karatasi ya maabara.

Someni pia Yoshua bin Sira 38:1-15. Hapo mwenye hekima anatufundisha kusali na kumwita tabibu pia, maana dawa na tabibu vyote vimetoka kwa Mungu mmoja.

9. KIKUNDI KIFANYE NINI?

Mfa maji haachi kutapatapa. Mgonjwa aliyekata tamaa atashika lolote, tusimcheke. Lakini kikundi ni watu wengi, kinaweza kufikiri mahali ambapo mmoja ameshindwa. Kabla ya kutoa mkopo, nauli au mchango kwa tiba yoyote mpya, ulizeni haya matano:

1. Waliopona walipimwa kabla na baada? Na nani? Karatasi iko wapi?
2. Mwenye tiba anawaambia watu waache dawa za hospitali? Akisema hivyo, mazungumzo yameisha.
3. Tiba moja inaponya magonjwa mangapi? Ikitajwa kuponya yote, iogopeni.
4. Tukiuliza swali anajibu, au anasema hatuna imani?
5. Anatuharakisha? Je, ni leo tu, ni mkutano huu tu, ni watu wa kwanza tu?

Swali la nne na la tano yafaa pia kwa wanaokuja na mbegu za ajabu, na biashara ya kuzidisha pesa. Wote hutumia mlango ule ule.

Tunashauri kila kikundi kiandike katika katiba yake kanuni mbili. Ya kwanza: mkopo wa tiba mpya usubiri siku saba, na katika siku hizo watu wawili wakamwulize mhudumu wa dispensari. Ya pili: mwanakikundi akitaka kwenda kuombewa, aende kwa amani, lakini aende na dawa zake mfukoni, na akirudi asindikizwe kupimwa kabla ya kuacha hata kidonge kimoja.

10. MASWALI YA KUJADILIANA

(Gawanyikeni watu watano watano. Akina mama na vijana wapewe nafasi ya kusema kwanza.)

1. Katika jaribio la ndimu, ulisikia nini? Ni lini jambo kama hili limekutokea sokoni, kanisani au hospitalini?
2. Kama ungekuwa kwenye mkutano ule wa mwaka 2011, ungesema nini kwa yule mama bila kumwaibisha?
3. Mweka hazina hakumwambia "umedanganywa". Alimwambia "twende ukapimwe". Kwa nini maneno hayo yalifungua mlango?
4. Ni maneno gani tunayowaambia watoto na wagonjwa wetu yanayowaumiza? Ni yapi yangewapa nguvu?
5. Katika kikundi chetu, ni nani anayeweza kutusindikiza kupimwa bila kutangaza siri zetu?

Swali la tano lisipitwe haraka. Kama hakuna jibu, basi hiyo ndiyo kazi ya kwanza ya kikundi mwezi huu: kuchagua watu wawili wanaojua kunyamaza, na ambao hawaoni uchovu kutembea na mgonjwa mpaka dispensari na kurudi.